Sauti Ilishauzwa Kabla Mashine Haijaja

Siku hizi kila nikishika simu nakutana na video inatangaza viwanja Kigamboni au dawa ya vidonda vya tumbo kwa sauti ambayo haijawahi kukohoa. Kiswahili kimenyooka mpaka kinatisha, hakuna pumzi, hakuna mate, na kule chini kwenye maoni watu washatoa hukumu, waigizaji wa sauti kwisha habari yao, AI imekula ajira. Septemba 2025 ilivyotoka ile habari ya Tilly Norwood, yule "muigizaji" aliyetengenezwa kwa kompyuta akatambulishwa kule Zurich na chama cha waigizaji Marekani kikaja juu, ndo kabisa, kila mtu akawa mchambuzi. Mimi kazi za kuigiza na kuingiza sauti ndo zinanilisha, sio staa, mi ni wale ukiwaona kwenye filamu unasema "huyu jamaa nimemuona wapi vile", na msimamo wangu ni kwamba tunamkimbiza mwizi asiye yeye. Mashine haijavunja mlango wowote. Mlango ulikuwa wazi miaka yote, na aliyeuacha wazi ni ile karatasi tunayosaini siku ya kulipwa, na mara nyingine hata karatasi yenyewe hakuna.

Kwanza tuelewane hii kazi ikoje, maana watu wakisikia muigizaji wanaona gari kali na nyumba Mbezi Beach. Muigizaji wa kawaida kazi yake kubwa ni kusubiri simu ilie. Wiki hii umepata vipande viwili kwenye tamthilia unacheza askari anayekuja kumkamata baba mwenye nyumba, wiki ijayo unasoma tangazo la sabuni, alafu mwezi mzima kimya, mpaka unaanza kujipigia simu mwenyewe uone kama laini inafanya kazi. Na hii sio shida ya Bongo peke yake. Mgomo wa waigizaji wa Marekani wa 2023, ule uliokwenda siku 118, ulitoa hesabu moja ambayo huku haikuzungumzwa sana. Chama chao SAG-AFTRA kina watu kama 160,000, na ili upate bima ya afya ya chama ilibidi uwe umeingiza dola 26,470 kwa mwaka, na waliokuwa wanafika hapo ni kama asilimia 14 tu. Yaani kule kule Hollywood, kati ya waigizaji 100 wenye kadi ya chama, 86 walikuwa hawafiki. Sasa wanaishije? Wengi wana kazi nyingine pembeni, ila kuna kitu kinaitwa malipo ya marudio, kwamba kazi yako ikirushwa tena au ikiuzwa kwingine na wewe unapata chochote. Hawakupewa kwa huruma. Kwa upande wa filamu waliyapata kwa kugoma 1960, na aliyekuwa anaongoza chama wakati huo ni Ronald Reagan, huyu huyu aliyekuja kuwa rais. Hayo malipo mengine yanakuja senti kadhaa, watu walikuwa wanaposti cheki za aibu wakati wa mgomo, ila kanuni ipo pale pale: kazi haijafa siku ulipotoka studio.

Huku kwetu hiyo kanuni haijawahi kuota mizizi. Bongo Movie ilikua kwa mtindo wa kuuza jumla, prodyuza anatengeneza, anampelekea msambazaji Kariakoo, wanakubaliana bei, master, ile kopi mama ya filamu, inabaki kwa msambazaji na habari imeisha, kwahiyo kama prodyuza mwenyewe kauza jumla, wewe uliyecheza kama mlinzi getini utadai marudio kwa nani? Na upande wa sauti ndo ilianza bila hata wazo la malipo hayo. Waliotuzoesha kusikia filamu za nje kwa Kiswahili ni watu kama Lufufu hapa Tanzania na DJ Afro kule Kenya, mtu mmoja anabeba filamu nzima ya Kihindi au ya karate mgongoni, yeye stelingi, yeye adui, yeye mama anayelia, na anaongeza utani wake juu. Hao walikuwa wasimuliaji kuliko waigizaji, jina lao lilikuwa kubwa kuliko la stelingi mwenyewe, na wao ndo walikuwa biashara. Baadaye ikaja kazi ya kudabu kwa mpangilio, kila mhusika na sauti yake. 2011 TBC ikaonyesha ile tamthilia ya Kichina, Doudou na Mama Wakwe Zake, na ikapendwa mpaka Xi Jinping alipokuja Dar 2013 akaitaja kwenye hotuba. 2016 StarTimes wakafanya mashindano ya kuingiza sauti hapa hapa Dar, washindi wakapelekwa kufanya kazi Beijing. Alafu Azam wakatuletea Sultan ya Waturuki, na nyumba nyingi zikawa hazipiki mpaka iishe.

Niwaambie kidogo hii kazi inafanywaje, maana mtu anadhani ni kusoma tu. Mchina anasema "bu yao", silabi mbili, basi. Wewe mtafsiri kakuandikia "usinifanyie hivyo", mdomo wa yule dada kwenye skrini ushafungwa, kashageuka, anashuka ngazi, na wewe bado uko kwenye "hivyo". Kwahiyo unabadilisha papo hapo, "sitaki", na bado inazidi kidogo, unaivuta nyuma ianze kabla yeye hajafungua mdomo sawasawa. Alafu kuna hizi herufi za kufunga midomo, m, b, p, ukisema "baba" wakati mdomo wa mtu uko wazi kabisa mtazamaji hajui kosa ni nini ila anajua kuna kitu hakiko sawa. Tamthilia ya vipindi sabini unaifanya hivyo mstari kwa mstari, masaa sita au nane kwa siku, koo linauma, unakunywa maji ya uvuguvugu, na siku inayofuata una scene ya kulia. Mwisho wa yote jina lako mara nyingi halimo kwenye yale majina yanayopita mwishoni, yanapita ya Waturuki tupu. Mel Blanc, yule aliyetoa sauti za katuni za Bugs Bunny na wenzake, inasemekana aliomba nyongeza ya mshahara akanyimwa, akaambiwa basi jina lako tutaliandika, na lile jina ndo lilimtengenezea maisha. Sisi hela hatujaongezwa na jina pia hatujaandikwa.

Hapa nitaingiza langu moja alafu naendelea. 2019 nilirekodi matangazo matatu kwenye studio moja Sinza, chumba kimebandikwa magodoro ukutani, feni imezimwa kwasababu ya kelele, jasho linadondokea skripti. Nikapewa laki moja na nusu, nikasaini kwenye daftari la kaunta lililoandikwa kwa kalamu "nimepokea 150,000/= kazi ya sauti". Miaka miwili baadaye niko kwenye daladala nimesimama, naskia sauti yangu kwenye redio inasifia bidhaa ambayo sijawahi kuisoma popote. Walikuwa wamekata vipande vyangu wakaunga. Nikapiga simu, yule jamaa wala hakukasirika, akaniuliza kwa upole kabisa, "Kaka, si ulishalipwa?" Na ukiangalia lile daftari, kasema kweli. Hakukuwa na AI hapo, kulikuwa na mkasi tu.

Ndo maana nasema wanaodhani shida imeanza juzi hawajaangalia nyuma. Susan Bennett, mama wa Kimarekani anayefanya sauti za matangazo, Julai 2005 alishinda mwezi mzima anasoma sentensi zisizo na kichwa wala miguu kwa kampuni iliyoitwa ScanSoft, akalipwa kwa masaa yake, akaenda zake. Oktoba 2011 iPhone mpya inatoka, rafiki yake anamwandikia kumuuliza kama ile Siri, sauti ya simu inayojibu maswali, sio yeye. Alikuwa yeye. Apple hawakuwa na mkataba naye na hawakumlipa hata shilingi, sauti yake ilikaa kwenye mifuko ya watu na kisheria hakuwa na pa kushika. Bev Standing wa Canada naye alirekodi kwa kazi aliyoambiwa ni ya tafsiri kwa taasisi moja ya utafiti ya China, akaja kujisikia kwenye TikTok anasomeshwa matusi na utani wa watoto, akashitaki 2021, wakamalizana mwaka huo huo. Na wale mtu na mpenzi wake wa New York, Paul Lehrman na Linnea Sage, ndo kesi ninayoipenda zaidi kwasababu imefika mahali. Walipata kazi kupitia Fiverr, mtandao wa kutafutia vibarua, mmoja akaambiwa ni utafiti, mwingine ni maandishi ya majaribio ya redio, wakalipwa dola 1,200 na dola 400. Juni 2023 wako kwenye gari wanaenda kwa daktari, wamefungulia podikasti inayoongelea mgomo wa Hollywood na AI, humo wanaihoji mashine, na mashine inajibu kwa sauti ya Paul. Wakaishitaki kampuni ya Lovo, inayouza sauti za AI. Julai 2025 jaji akatupilia mbali sehemu kubwa ya madai yao ya hakimiliki na alama ya biashara, ila akaruhusu yaendelee madai ya kuvunja mkataba na ya sheria za jimbo la New York. Soma hapo taratibu. Hoja ya "sauti ni yangu, nimezaliwa nayo" ilipata shida mbele ya sheria ya hakimiliki. Kilichobaki kimesimama, pamoja na hizo sheria za New York, ni zile meseji za Fiverr ambazo mteja aliahidi kwa maandishi kwamba sauti haitatumika kwa kitu kingine. Chati tu hizo, lakini ziliandikwa.

Sasa upande wa pili wa shilingi ni James Earl Jones. Mzee huyu mtoto wa Mississippi alikuwa na kigugumizi utotoni mpaka akakaa miaka karibu bubu, akaja kuwa sauti ya Darth Vader, yule adui mwenye barakoa nyeusi wa Star Wars, na baadaye Mufasa, baba yake Simba kwenye The Lion King. Kwa filamu ya kwanza ya Star Wars ya 1977 alisema mwenyewe alilipwa dola 7,000 kwa kazi ya masaa machache, na jina lake halikuandikwa. Ila alipozeeka na kuamua kupumzika aliridhia kwa maandishi sauti yake itengenezwe na kampuni ya Respeecher ya Ukraine, wakaitumia kwenye mfululizo wa 2022 akiwa hai. Akafariki Septemba 2024 akiwa na miaka 93, na Mei 2025 Darth Vader akaanza kuongea na wachezaji wa gemu la Fortnite, kwa ridhaa ya familia. Na hata hapo SAG-AFTRA wakalalamika kwamba kampuni ilipaswa kujadiliana na chama kwanza, maana kuna waigizaji walio hai ambao wangeifanya ile kazi. Biashara ile ile ya sauti za mashine iliyomwacha Bennett bila kitu inamfanya marehemu aendelee kuingiza. Tofauti haiko kwenye mashine.

Najua nitakutana na watu wa kusema acha uoga, mashine haitaiweza Kiswahili chetu. Hii ndo faraja dhaifu kuliko zote na ndo inayopendwa zaidi kwenye magrupu yetu. Kweli inakosea. Mpe sentensi yenye "barabara", mkazo ukiwa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho ni njia ya magari, ukirudi nyuma kidogo ni "sawasawa, barabara!", na nimeisikia mashine inasema mambo yako njia ya magari kabisa. Nimeisikia inasoma "ng'ombe" kama mtu mwenye mafua. Tukacheka sana. Ila jiulize mteja anayeuza kiwanja anatafuta nini, Kiswahili cha Mvita? Anatafuta bei. Tangazo lake linahitaji kueleweka, halihitaji kukutoa machozi, na makosa mawili kwenye sekunde thelathini hayamzuii mtu kupiga simu. Na makosa yenyewe yanapungua kila mwezi. Kujenga maisha juu ya ujinga wa mashine ni kama kujenga bondeni Jangwani kisa mwaka jana mvua haikunyesha.

Hoja nyingine ni nzito zaidi na siwezi kuipuuza. Kuna kijana yuko Kigoma au Lamu, ana laptop na stori nzuri ya katuni, hana hela ya kulipa watu sita wa sauti. AI inampa wahusika sita usiku mmoja. Ukiniuliza kama huyo anyimwe, nasema hapana, na yeyote anayetaka marufuku ya jumla anaongea na ukuta, tena yule kijana leo hakuwa mteja wangu kabisa, akikua kidogo ndo atanitafuta. Hata watu waliojitolea kusoma sentensi za Kiswahili kwenye Common Voice, mradi wa Mozilla wa kukusanya sauti za kufundishia kompyuta, wametoa sauti zao bure, kwa kujua, na leseni iko wazi kwamba yeyote anaweza kuzitumia. Hilo ni jambo jema kwa lugha yetu, na hakuna aliyeibiwa kwasababu waliambiwa mapema. Mtu akitoa sadaka huwezi kusema kaporwa. Ninachogombania ni yule ambaye hakuulizwa.

Alafu wapo wanaosema kosa ni letu, wasanii hatusomi mikataba. Nusu ni kweli na inauma. Lakini nusu nyingine ni kwamba ukisoma ukauliza, mteja anamwita mwenzako aliyekaa kwenye benchi hapo nje. Mtu mmoja mwenye njaa hana mazungumzo ya mkataba, ana ombi tu. 2018 mchekeshaji Mzee Majuto alipokuwa anaumwa, Waziri Mwakyembe ilibidi aunde kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Mfikirie, mtu ambaye sura yake inajulikana na kila mtoto nchi hii, bado ilihitaji waziri ndo mikataba yake iangaliwe. Kenya Mzee Ojwang' wa kipindi cha Vitimbi, kachekesha vizazi, uzeeni wananchi wakachanga hela apate matibabu ya macho. Kama wao walifika hapo, huyu mdada anayesoma "wateja wetu wapendwa" kwenye simu ya benki atasoma mkataba hadi wapi?

Na sheria sio kwamba hazipo. Tanzania tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, hakishiriki ndo hilo eneo letu sisi waigizaji, na tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022. Kenya wameenda mbali kidogo, sheria yao ya data ya 2019 inataja utambuzi wa sauti pamoja na alama za vidole na DNA, na hadi umbo la sikio, kama taarifa za kibayometria za mtu. Ni mwanya mzuri, ingawa zote ziliandikwa kabla mtu yeyote huku hajawaza kwamba sekunde chache za sauti yako zinaweza kuzaa sentensi ambazo hujawahi kuzisema. Kesi ikifika leo, hakimu ataanza kwa kuuliza mlikubaliana nini, na tutarudi kwenye daftari la kaunta.

Kitu ambacho hakizungumzwi kabisa, na ndo kinachoninyima usingizi kuliko Tilly Norwood, ni maghala. Fikiria tamthilia zote zilizodabiwa kwa Kiswahili zaidi ya miaka kumi sasa. Studio ya kudabu inarekodi kila muigizaji peke yake, sauti safi isiyo na muziki chini, na pembeni kuna skripti iliyoandikwa neno kwa neno. Muulize mtu yeyote anayefundisha mashine kuongea, atakuambia hicho ndo chakula chenyewe, sauti safi na maandishi yake yakiwa yameshikana. Tena sio kusoma kwa upole kama habari, humo tumelia, tumefoka, tumebembeleza, tumekufa. Sisemi kuna aliyefungua ghala lake akauza. Nasema ukichukua mkataba wa kawaida wa kazi hizo ukatafuta mstari unaomzuia, kwenye niliyoiona mimi huukuti, na kwenye mingine unakuta maneno "matumizi yote, kwa muda wote". Hiyo ni milele umeiuza kwa posho ya siku.

Wenzetu wa magemu ya video Marekani walikaa nje ya kazi kuanzia Julai 2024 mpaka Juni 2025, karibu miezi kumi na moja, na walichokuwa wanagombania zaidi ni ridhaa na malipo pale nakala ya sauti yako inapotumika. Wakapata. Sisi hatuna ubavu wa kugoma miezi kumi na moja, wengine hata siku kumi na moja ni kodi ya nyumba hiyo. Ila watu ishirini wa sauti wenye kazi za kueleweka Dar na Nairobi wakiamua kwamba hakuna anayeingia kibandani bila mistari minne, itatumika wapi, kwa muda gani, ikitumika tena nalipwaje, na hairuhusiwi kufundishia mashine bila mkataba mwingine, mteja akitoka kwa mmoja akaenda kwa mwingine akakuta karatasi ile ile, hapo ndo mazungumzo yanaanza. Haihitaji bunge, inahitaji grupu la WhatsApp ambalo watu hawatumiani tu picha za "asubuhi njema".

Mwezi uliopita mtu kanitumia meseji, kanisifia sana, ana kazi ya masaa mawili ya kusoma sentensi za kawaida, laki tatu, hela papo hapo. Nikamuuliza kitu kimoja tu, hiyo sauti mtaitumia wapi na mpaka lini. Tiki zimekuwa za bluu, na juzi dada mmoja tunayefanya naye kazi kaniambia kapata dili zuri la masaa mawili.